Sitara isiyomsitiri mtoto

Baba yangu alivaa makubadhi. Usiku, baada ya Isha, nilimjua kwa mlio wa ngozi juu ya mawe tangu alipokata kona ya Usita wa Mui kuingia kichochoroni kwetu. Kulikuwa na mlio wa haraka na mlio wa kuburura. Ule wa haraka haukuwa na neno. Tukisikia wa kuburura, mimi na dada yangu tulizima redio, tukajilaza, tukafumba macho na kupumua polepole kama waliolala zamani. Nina miaka 49 sasa. Hadi leo nikiwa barazani na wenzangu, mtu akapita nyuma yangu akiburura makubadhi, mabega yangu hupanda yenyewe kabla sijageuka kumtazama ni nani.

Hapa Lamu nasikia sana watu wakisema, "Alikuwa mdogo yule, hakumbuki." Labda kichwa hakikumbuki. Mabega yanakumbuka.

Asiyezijua nyumba zetu huenda akadhani mambo ya ndani yalibaki ndani. Kuta za matumbawe ni nene, milango ya mbao ni mizito, na desturi ni nzito kuliko vyote viwili. Lakini nyumba za mji huu zimeshikana. Kuna wikio juu ya vichochoro, zile daraja zilizounganisha nyumba na nyumba ili wanawake wapite bila kushuka njiani. Viwanda, yaani nyua za ndani ya nyumba, viko wazi juu, na sauti ya mtoto anayelia hupanda kama moshi wa jikoni na kuteremkia kwa jirani. Mtaa mzima ulijua ya kwetu. Hakuna aliyesema.

Ila kulikuwa na bibi mmoja. Hakuwa wa damu yetu. Alikaa nyumba ya pili, akishona kofia kwa mkono, kazi ya uzi mweupe juu ya kitambaa cheupe, tundu dogo baada ya tundu dogo, kofia moja ikichukua wiki kadhaa. Usiku mwingine, kelele zikianza, mlango wetu uligongwa. Hakuingia, na hakumuuliza baba lolote. Alisimama kwenye daka, kibarazani mbele ya mlango, na kuita, "Nipani kijana anitilie uzi, mato yangu hayaoni." Baba, ambaye hakuwa na adabu kwa mtu yeyote saa zile, hakuweza kumkatalia mtu mzima aliyesimama mlangoni pake. Nikatoka.

Kwake kulikuwa na taa ya chemni na harufu ya ubani. Aliniketisha kwenye mkeka, akanipa sindano na kipande cha mkate wa sinia. Nililowesha ncha ya uzi kwa ulimi, nikaisokota, nikaipitisha. Akanipa sindano nyingine. Mikono yangu ilikuwa ikitetemeka, na ilipoacha kutetemeka uzi uliingia mara moja. Hapo ndipo aliposema, "Haya, lala hapo, kesho utakwenda chuoni kutokea hapa," akimaanisha chuo cha Kurani. Nilikuwa mkubwa kabisa, bibi mwenyewe ameshazikwa, nilipokumbuka kwamba nyumba ile ilikuwa na mabinti watatu wenye macho makali, wote wakishona kofia. Hakuwa na haja na macho yangu.

Nimesoma mengi baadaye juu ya watoto wanaokulia katika hofu, kwa sababu nilitaka kujua kwa nini dada yangu na mimi, tuliolala chumba kimoja na kuusikia mlio mmoja, tumekuwa watu tofauti namna hii. Katika kusoma nilikutana na kisiwa kingine. Kauai, huko Hawaii, mwanasaikolojia Emmy Werner na wenzake waliwafuatilia watoto 698 waliozaliwa mwaka 1955, wakaenda nao hadi utu uzima. Wengine walizaliwa katika umaskini, ugomvi, ulevi wa wazazi au maradhi ya akili nyumbani. Wengi wa hao walipata taabu walipokua. Lakini kama thuluthi moja yao walikua wakawa watu wazima, wenye kazi, upendo na utulivu. Watafiti walipotazama nini kiliwashika watoto hao, jambo moja lilirudi tena na tena: alikuwepo angalau mtu mzima mmoja aliyewajali bila kuyumba, na mara nyingi hakuwa mzazi. Alikuwa nyanya, shangazi, mwalimu, jirani.

Niliposoma neno "jirani" niliweka karatasi chini nikatoka nje.

Utafiti unaotajwa zaidi duniani ni ule wa California. Katika miaka ya 1980, daktari Vincent Felitti alikuwa na kliniki ya kupunguza unene huko San Diego. Alishangaa kuona kwamba waliokuwa wakifanikiwa kupungua ndio waliokuwa wakiacha kuja. Alipowauliza habari za maisha yao, wengi walimtolea mambo ya utotoni ambayo hawakuwahi kumwambia daktari yeyote, hasa kuingiliwa kimwili. Akaungana na mtafiti Robert Anda, na kati ya mwaka 1995 na 1997 zaidi ya watu 17,000 wakaulizwa: Ulipigwa? Ulitukanwa? Mama yako alipigwa? Nyumbani kulikuwa na mlevi, mgonjwa wa akili, mfungwa? Ripoti ya kwanza ilitoka mwaka 1998. Katika watu wote walioulizwa, karibu thuluthi mbili walitaja angalau jambo moja. Na kadiri mambo yalivyozidi, ndivyo hatari ilivyopanda utu uzimani: ulevi, dawa za kulevya, huzuni ya kudumu, kujaribu kujiua, hata maradhi ya moyo. Mwili wa mtoto anayeishi na hofu kila siku hukaa macho kama mlinzi asiyepewa zamu ya kulala, na mwisho mlinzi huyo huchoka na kuugua.

Naukubali utafiti ule, ila sikubali tuuchukue mzima mzima tuuvishe watoto wetu. Wengi wa walioulizwa walikuwa Wamarekani weupe wa tabaka la kati, wenye bima ya afya. Kutengana kwa wazazi kunahesabiwa pale kuwa ni moja ya majeraha. Hapa kwetu talaka ni nyingi, na mtoto akiachwa na ndoa anaweza kuwa na nyumba tatu: kwa mama, kwa mama mkubwa, kwa bibi. Ninao rafiki waliolelewa na bibi zao na ukiwaambia walipotezwa watakushangaa. Wengine waliumia kweli, kwa sababu walizungushwa kama mzigo, leo huku kesho kule, na hakuna aliyewaambia kwa nini. Talaka ni ileile. Kilichotofautiana ni kama mtoto alipofika mlangoni alipokewa au alivumiliwa.

Watu wa kwetu wakisikia habari hizi husema ni mambo ya Wazungu. Basi wajue kwamba sehemu kubwa ya elimu hii ilianza hapa Afrika Mashariki. Mwanasaikolojia Mary Ainsworth alifika Uganda mwaka 1954, akawatembelea majumbani akina mama 26 na watoto wao wachanga katika vijiji vya karibu na Kampala. Aliona kwamba mtoto aliye na hakika mamaye yupo ndiye anayethubutu kutambaa mbali, kugusa vitu vipya, kisha akarudi. Asiye na hakika hung'ang'ania na kulia. Yale anayofundishwa leo mwanafunzi wa saikolojia London au Chicago yalionekana kwanza kwenye nyumba za akina mama wa Kiganda.

Sasa nirudi kwa baba, maana sitaki msomaji amchukie. Alikuwa na sehemu yake katika biashara ya boriti, miti ya mikoko iliyokatwa visiwani na kupakiwa majahazini kwenda Arabuni. Mwaka 1982 kusafirisha boriti nje ya nchi kukapigwa marufuku. Sina neno na kulindwa kwa mikoko, tunaihitaji. Nasema tu kwamba nilikuwa na miaka sita, na kabla ya mwaka ule sikumbuki mlio wa kuburura. Na yeye mwenyewe alikuwa mtoto wa nahodha. Babu aliondoka na pepo za msimu, akarudi na pepo za msimu, na katikati mtoto aliachwa kwa ami aliyemfunga kwenye nguzo alipochelewa chuoni. Hilo baba alinihadithia mara moja tu, akiwa mzee, akicheka. Alicheka peke yake. Nikaona mkono wake unapapasa kifundo cha mkono wa pili, pale kamba ilipokuwa, na hakujua kwamba anapapasa.

Hivi ndivyo jambo linavyotembea kutoka kizazi hadi kizazi. Halihitaji kufundishwa. Nilijiapia sitakuwa kama yeye, na nilidhani kiapo kinatosha. Nikaoa, nikapata watoto, nikawachapa "kidogo tu", kwa hesabu yangu. Kisha usiku mmoja, miaka michache iliyopita, nilirudi nimechoka na nimekasirishwa na mambo ya kazi. Nikapita kwenye chumba cha mwanangu wa miaka minane kumtazama. Alikuwa amelala ubavu, macho yamefumbwa, akipumua polepole, kwa mpango, pumzi moja baada ya nyingine, nzuri kupita kiasi.

Ile pumzi naijua. Niliitengeneza mwenyewe.

Nilikaa chini sakafuni kando ya kitanda. Mimi sivai makubadhi, navaa ndara za mpira, lakini alikuwa ameshajifunza mlio wangu. Nikamwambia najua hajalala. Hakufungua macho. Nikamwambia, "Nisamehe, mwanangu, sitakupiga tena." Kwetu mtu mzima hamwombi radhi mtoto, na maneno yalinitoka kwa shida, lakini yalitoka. Alikaa kimya muda mrefu, kisha akauliza kama kesho nitampeleka Shela kwa mashua. Nikampeleka.

Tunazo methali za kutosha za kuhalalisha fimbo. Mcha mwana kulia hulia yeye. Samaki mkunje angali mbichi. Ya kwanza naiheshimu: mzazi asiyeweza kumwambia mtoto "hapana" atakuja kulia kweli. Lakini kumkataza si kumpiga. Na hiyo ya pili kila nikiisikia nawaza kwamba samaki anayekunjwa ameshakufa. Mshairi Mwana Kupona binti Mshamu, alipotaka kumwachia bintiye wasia mnamo mwaka 1858, aliyafungua maneno yake kwa kumwita mtoto aje akae karibu naye, na wino na karatasi. Tunabishana sana juu ya nasaha alizompa, na mimi zipo nisizokubaliana nazo. Lakini mwanzo ule wa kuita na kukaribisha hatuutazami.

Sheria ipo. Viboko shuleni vilipigwa marufuku mwaka 2001, na Katiba ya 2010 inamlinda kila mtu dhidi ya adhabu ya viboko. Mwaka 2010 huohuo vijana wa Kenya wa miaka 18 hadi 24 waliulizwa kuhusu utoto wao: asilimia 66 ya wanawake na asilimia 73 ya wanaume walisema walifanyiwa ukatili wa mwili kabla ya kufika miaka 18. Hao leo ndio wazazi.

Linaloniuma zaidi ni sitara. Ni neno tukufu kwetu. Kumsitiri mwenzio, kutomwanika mtu aliyeteleza, ni katika mambo mazuri tuliyorithi, na sitaki tulipoteze. Lakini tumelitumia kumfunika anayepiga, huku anayepigwa akibaki uchi mbele ya mtaa mzima unaosikia na kunyamaza. Kijana akianza unga wa kulevya, akakonda, akawa analala kwenye majukwaa ya pwani, tunasema amerogwa au ameharibiwa na marafiki. Sijawahi kusikia mtu akiuliza kulikuwa na nini nyumbani kwao alipokuwa na miaka sita, ingawa waliopanga jirani wanajua jibu. Na wako watoto wa mashambulizi ya Juni 2014 kule Mpeketoni, yaliyoua zaidi ya watu 60, watoto waliojificha vichakani wakisikia wanaume wa nyumbani wakiitwa majina. Wale wadogo wa wakati ule sasa ni watu wazima, wanaoa na kuolewa. Nani aliwagongea mlango?

Dada yangu hakugongewa. Bibi alimwomba kijana, kwa sababu msichana kutoka usiku ingekuwa maneno. Nimelifikiria hilo kwa miaka. Anaishi Mombasa, amefunga ndoa mara tatu, na hawezi kulala bila taa. Tukizungumza kwa simu anacheka kama alivyocheka baba.

Mwezi uliopita, baada ya Magharibi, nilisikia mtoto analia upande wa pili wa ukuta, na sauti ya mtu mzima juu yake. Mke wangu alinitazama. Nikavaa kofia, nikatoka, nikapiga hodi. Mwenye nyumba alipofungua alikuwa anahema. Nikamsalimu, nikamuuliza hali, kisha nikamwambia nina nyavu za kushona na macho hayanisaidii tena, anipe kijana na dadake wanitilie uzi kwenye sindano. Alisimama akinitazama kwa muda. Akageuka akawaita.

Walikaa kwangu hadi saa nne. Yule mdogo, msichana, alishindwa mara tatu kwa sababu ya mikono. Sikumsaidia, nilimsubiri tu.