Kwenye Picha Niko Wawili

Picha zimefika asubuhi hii wakati nachovya mkate kwenye chai. Tena hazikuja kwangu. Zimeingia kwenye simu ya mke wangu, maana siku ya kukata tiketi nilijaza barua pepe yake. Ya kwangu nimesahau neno la siri tangu mwaka juzi.

Mama Asha akaitazama simu. Akaitanua picha kwa vidole viwili. Akaniangalia mimi, akairudia simu, kisha akailaza mezani polepole kama mtu anayeweka kisu, akasema, "Baba Asha, hebu njoo unielezee."

Mtu mzima ukiambiwa "hebu njoo unielezee" nawe hujafika nusu kikombe, chai hiyo ndiyo basi tena.

Niwarudishe nyuma kidogo. Mdogo wake wa kike Mama Asha amekuja kututembelea kutoka Tandika, wiki mbili. Habari za viza yake tuziache, mnazijua. Tangu atue hapa Tromsø, kaskazini mwa Norwe, hataki kuona daraja, hataki kuona kanisa lile la pembetatu, hataki hata kuona watoto wa dada yake. Anataka mwanga wa kaskazini, ule wa rangi unaocheza angani usiku. "Shemeji, nikirudi Dar bila ule mwanga nitaweka wapi uso wangu?" Na shemeji akikuomba kitu mbele ya dada yake, wewe huombwi. Umeshatoa, bado wao kukushukuru tu.

Mimi mwanga ule nimekaa nao miaka sita. Mwanga kwangu ni kama Mlima Kilimanjaro kwa mtu wa Moshi: haupandi mpaka aje mgeni. Lakini mgeni alishaona tangazo: safari ya jioni, kutazama mwanga kwa starehe, mwongozaji, vinywaji vya moto, picha za bure. Krone 1,500 kwa kichwa. Nikafanya kosa ambalo sote huku tumeapa kutolifanya, nikazidisha ili nijue ni shilingi ngapi. Nikakaa chini. Mama Asha alikuwa na zamu ya usiku kwa wazee anaowahudumia kazini, kwa hiyo yeye mwenyewe, kwa kinywa chake, mbele ya mashahidi, akasema, "Nendeni tu nyie wawili." Hilo naomba liandikwe.

Halafu hiyo "jioni". Jua letu lilituaga mwishoni mwa Novemba na kurudi ni katikati ya Januari. Ukitoka kazini saa nane mchana ni jioni, ukienda dukani saa nne asubuhi ni jioni. Mtu akikuuzia safari ya jioni mwezi Desemba ni sawa na anayekuuzia mchanga wa pwani kwa kilo.

Basi lenyewe, sina ubaya nalo, lilikuwa na joto. Kiti kinapashwa kwa chini mpaka nikakumbuka daladala za Mbagala, ukikosa nafasi unakalishwa juu ya boneti ya injini. Kule tulikaa kwa nauli ya kawaida na tukalalamika. Huku inaitwa starehe. Tukapewa maovaroli manene, mtu ukishalivaa unatembea kama godoro limepata wito. Habari ya kwenda haja ndani ya vazi lile naiacha, kuna watu wanakula.

Nyuma yangu alikaa bwana mmoja mwenye programu ya mwanga kwenye simu. Kuna kipimo kinaitwa Kp, cha msukosuko wa sumaku ya dunia unaouleta huu mwanga, kinaanzia 0 hadi 9, na yule bwana alikitangaza basi zima kama dalali. "Kp mbili! Kp tatu! Imerudi mbili!" Kila daladala ina mmoja wa kumfundisha dereva njia. Sikujua kama wanasafiri hadi Aktiki.

Mwongozaji alikuwa kijana mwenye miwani na moyo safi, akashika kipaza sauti akatusomesha. Kwamba Jua linatema chembe zenye umeme, zinasafiri siku mbili tatu mpaka kufika duniani, sumaku ya dunia inazivutia huku nchani, huko juu zaidi ya kilomita 100 zinagongana na hewa: oksijeni inatoa kijani, na nyekundu ikiwa juu zaidi, naitrojeni inatoa buluu na zambarau. Mnorwe mmoja, Kristian Birkeland, alilitambua hilo zamani akitumia mpira wa sumaku ndani ya sanduku lisilo na hewa. Wakamweka kwenye noti ya krone 200. Mwaka 2017 noti ikabadilishwa, mzee akatolewa, akawekwa samaki. Jamani. Unaitumikia elimu mpaka unakufa, halafu nafasi yako anapewa kitoweo.

Shemeji alisikiliza kwa makini, kisha akaninong'oneza: "Yaani kitu kimetoka juani siku tatu kinakuja kwetu, na sisi tunakifuata kwa basi?"

Tulikifuata. Mjini mawingu yalikuwa yametanda, kwa hiyo tukashika barabara ya E8, tukapita Skibotn, ambako milima huwa inazuia mawingu ya baharini, kidogo kidogo mpaka tukavuka mpaka wa Finland. Kilomita 160 na ushee. Pale mpakani simu yangu ikaruka saa nzima mbele, maana Finland wako mbele kwa saa moja. Nimelipia safari ya muda wa saa nane, moja imeliwa na serikali mbili bila risiti.

Kuteremka: nyuzi 22 chini ya sifuri. Hapo pua unajua unayo kwa sababu unakumbuka tu. Simu ya shemeji ilikuwa na chaji asilimia 80, ikapiga picha mbili ikazima. Moto ukawashwa, tukakalia ngozi za paa wale wa barafuni, tukagawiwa chokoleti ya moto. Mwongozaji akasema Wasami, wenyeji wa asili wa huku, walikatazana kuupigia mluzi huu mwanga, unaweza kushuka ukakuchukua. Shemeji akatikisa kichwa kama mtu aliyekutana na ndugu. "Kwetu pia usiku hapigwi mluzi. Kwetu lakini anakuja nyoka."

Halafu ukatokea. Mstari mwembamba, rangi ya maji ya kuoshea vyombo, nyuma ya kilima. Mngeuona nyumbani mngesema jirani anachoma takataka.

"Ndiyo huo?" shemeji akauliza.

"Ndiyo huo," nikajibu, kwa sauti ya baba aliyeleta mchele wa vipande.

Mwongozaji akaja mbio kutufariji: ukiwa hafifu, jicho la binadamu gizani halishiki rangi, ila kamera inashika. Akatuonyesha kioo cha kamera yake. Kijani! Kijani kama mchicha wa bustani ya maji! Nikainua macho: maji ya vyombo. Nikainamia kioo: mchicha. Kwa hiyo nimelipa krone 3,000 ili kamera ya mtu mwingine ifaidi. Na watu wote thelathini na kitu, waliosafiri kutoka nchi zao kuja kutazama anga, wameinama, kila mtu anatazama kiganja.

Sasa ndipo likaja suala la picha za bure. Ogopa kitu cha bure kwenye nchi ambayo mfuko wa plastiki unauziwa.

Utaratibu ni huu. Kamera iko kwenye miguu mitatu. Mnapanga foleni, familia kwa familia, wapenzi kwa wapenzi. Mnasimama mmeipa kamera uso na mwanga mgongo. Mwongozaji anawamulika kwa tochi kufumba na kufumbua, kisha kamera inabaki wazi sekunde kumi ikinywa anga, na ninyi hamruhusiwi kusogea hata kope. Walitangulia wachumba wawili, wakakumbatiana, wakagusana paji kwa paji, wakatulia kama sanamu. Watu wakapiga makofi. Wakaja wengine wawili, vilevile. Foleni ikanifikia mimi na shemeji.

Tukasimama kwa adabu. Kati yangu na yeye mngeweza kupitisha mkokoteni.

"Karibianeni!" akasema mwongozaji.

Nikasogea hatua ya mtu anayesogea msikitini.

"Zaidi! Mkumbatie!"

Nikamweleza. Nikasema huyu ni mdogo wake mke wangu. Nilisema vizuri, kwa Kinorwe changu chote. Lakini nilikuwa na skafu mdomoni, upepo unavuma, masikio yake yako ndani ya kofia mbili, na katika sentensi nzima yeye alidaka neno moja: mke. Akatabasamu uso wote. "Mke! Hongera sana! Mkumbatie mkeo!" Na foleni nzima nyuma, watu wa mataifa, wanaitikia kwa furaha, wanapiga makofi ya glovu, puf puf puf. Bwana wa Kp anapiga mluzi, akasahau kuwa umekatazwa.

Nikatoa skafu nieleze upya. Baridi ikaniingia kooni, nikakohoa. Wakadhani ni haya za bwana harusi, makofi yakaongezeka. Shemeji yeye, badala ya kunisaidia, kainama anacheka mpaka machozi yanaganda. Kijana wa watu akaona hawa wanaona aibu, akaja mwenyewe, akanishika mkono wa kushoto akauweka begani kwa shemeji kama fundi anayetundika pazia, akarudi mbio kwenye kamera. "Sekunde kumi! Msisogee!" Tochi, pwaa.

Na ni hapo hapo, wallahi, nyuma ya mgongo wangu kitu kikapasuka. Sikukiona. Nilisikia watu wote kwenye foleni wakisema "Ooooh!" kwa pamoja, kama uwanja wa Taifa mpira umegonga mwamba. Theluji mbele yangu ikageuka kijani. Kivuli changu kikalala chini, usiku wa manane, kinacheza. Nikataka kugeuka. "Usigeuke!" anapiga kelele mwongozaji. "Sekunde saba!" Watu wanalia. Kuna mama mmoja alipiga magoti. Na mimi niliyelipa sawasawa na wao nimesimama nimeupa mgongo, mkono uko begani kwa mdogo wa mke wangu, na anga lote la kaskazini ninaloliona ni lile dogo linalopita kwenye miwani ya kijana. Kioo cha kushoto kijani, cha kulia kama waridi.

Nilivumilia mpaka sekunde ya tano hivi. Heshima ya mkwe ikanishinda, nikautoa mkono, nikaruka pembeni hatua mbili, nikasimama huko sekunde zilizobaki. Aliposema "Tayari!" nikageuka. Maji ya vyombo.

Krone 1,500! Mimi nakunja mashuka hotelini mpaka mgongo unalia, nakata vya kodi, natuma vya ada, natuma vya bati la nyumba ya mama, anayeumwa anapiga, asiyeumwa anapiga kusema kuna anayeumwa, halafu siku moja tu, siku moja najiambia leo na mimi nikae nitazame kitu kizuri, naambiwa usigeuke! Bibi Mnorwe wa chini yetu aliuona mwanga huo huo akipeleka takataka, mawingu yaliachia mjini kama robo saa. Ameniambia asubuhi hii kama mtu anayekupa habari kuwa maziwa yapo dukani.

Tuache hayo. Turudi mezani, kesi inaendelea.

Kamera ikikaa wazi sekunde kumi na wewe ukasimama sehemu mbili, inakuandika mara mbili. Hiyo ni sayansi. Kwa hiyo kwenye picha niko wawili, wote wepesi, wote unaweza kuona mlima ndani yangu. Mmoja amemwekea shemeji mkono begani. Wa pili yuko pembeni, amekaa mkao wa kukimbia.

"Mama Asha," nikasema, nikigonga kioo, "huyu wa pembeni ndiye mimi. Angalia anavyokimbia."

"Na huyu mwenye mkono ni nani?"

Nikaita shahidi. Shemeji akatoka chumbani na khanga na kipande cha chapati. Nikamwambia, mweleze dada yako ilivyokuwa. Akaitazama picha, akatafuna, akameza.

"Dada, mimi sijui. Niliona tu baridi imepungua."

Wakacheka wote wawili, wameshikana. Nikajua kesi ilishakwisha kabla sijaitwa, nimehangaishwa tu kwenye chai yangu. Kumbe shemeji alishairusha picha kwenye kundi la ukoo. Mama mkwe kutoka Chumbageni ametuma ujumbe wa sauti wa dakika nne: yule wa pili si mtu, watu wasome Ayatul Kursi, na mimi nisilale peke yangu. Mjomba kauliza hizo taa zinakatika saa ngapi kwa siku. Hakuna hata mmoja aliyesema mwanga umependeza.

Shangazi wa Tanga, yeye ana biashara ya samaki wa barafu, hakuuliza mwanga wala mzimu. Kauliza ovaroli. Anataka mawili, moja lake, moja la kijana wake anayeingia chumba cha barafu na sweta la shule. Nikamwambia si yangu, ni ya kampuni. Akasema, basi waulize bei, usinijibu kama mzungu.

Nikapiga simu kampuni. Wakasema maovaroli hawauzi. Ila wanafurahi nimepiga, kwa sababu glovu moja haijarudi, ya kushoto, na isiporudi nitalipa.

Ya kushoto. Mama Asha alikuwa amesikia. Ameshaichukua tena simu, ameitanua picha kwa vidole viwili, na haanzii kwa yule anayekimbia.