"Phat" si "fat" iliyoandikwa vibaya

Mtandaoni kuna watu ambao kazi yao ni kusahihisha Kiingereza cha wenzao. Wakiona "phat" wanakutumia picha ya ukurasa wa kamusi. Wakiona "boujee" wanakuuliza ulisoma shule gani. Maoni yangu ni kwamba mara nyingi wanarekebisha kisichokosewa, na kilichokosewa kweli wanakipita.

Chukua hiyo "phat". Ukienda Karume pale Ilala, kwenye mafungu ya mitumba, unaweza kukuta fulana ya Baby Phat yenye alama ya paka. Ni ndugu ya Phat Farm, lebo ya nguo aliyoianzisha Russell Simmons, mfanyabiashara wa hip hop, huko New York mwaka 1992. Niliwahi kumsikia mteja akilalamika: "Kaka, hii imeandikwa bebi fati, mtoto kibonge, mimi siivai." Muuzaji akajibu huku anaendelea kukunja nguo: "Dada, ya kibonge inaanza na efu. Hii ina pi na echi. Buku tatu." Jamaa alijua anachokisema.

"Phat" ni neno la mtaani la Wamarekani weusi, na limekuwepo kwenye maandishi tangu miaka ya 1960. Maana yake ni kitu kikali, kitu bomba. Inaelekea lilizaliwa na "fat" yenyewe, maana unono na neema havijawahi kuwa mbali. Hata sisi tuna donge nono na mshahara mnono. Walioandika kwa "ph" hawakuwa wajinga wa tahajia. Waliweka tofauti ambayo jicho linaiona hata kama sikio haliisikii. (Ile hadithi kwamba ni kifupisho cha maneno ya kumsifu mwanamke ilibuniwa baadaye. Achana nayo.)

"Bougie" ina mambo zaidi. Kwa Wafaransa ni mshumaa, na jina limetoka Afrika: Bougie ndivyo walivyouita mji wa bandari wa Algeria ambao leo ni Béjaïa, uliokuwa ukiuza nta Ulaya. Neno likaingia kwenye Kiingereza cha madaktari, na mpaka leo daktari wa usingizi akiomba "bougie" anataka kijiti chembamba kinachoongoza mpira wa kupumulia uingie kooni. Mtaani sasa kuna "bougie" nyingine isiyohusiana nayo kabisa, iliyokatwa kutoka "bourgeois": mambo ya kishua, mtu anayekunywa maji ya chupa tu na anataka watu wajue. Matamshi ni yaleyale. Tahajia ya "boujee" ilipoenea na hip hop mwaka 2016, wasahihishaji walipiga kelele, lakini mimi naona walifanyiwa hisani. Ukiiona hiyo unajua hapazungumzwi mishumaa wala chumba cha upasuaji.

Shida kubwa kwetu ni sikio. Kiswahili kina irabu tano, Kiingereza kina nyingi zaidi, kwa hiyo "ship" na "sheep" kwetu ni kitu kimoja kabla hata mtaa haujaongeza za kwake. Halafu kuna maneno ambayo hata tahajia haikuokoi. "Bear" ni dubu. "Bare" ni tupu, uchi, kitu kisicho na kitu. Na kwa vijana wa London "bare" ni kibao: "bare people" ni watu kibao, matumizi yaliyokuja na watu wa Karibi. Mpwa akimwandikia shangazi yake kwamba harusini kulikuwa na "bare food", shangazi mwenye kamusi atasikitika kwamba wageni walilala njaa, kumbe watu walikula wakasaza. Hapo inabidi umjue anayeandika ni nani na amekulia wapi.

Mwaka 2013 shule moja ya kusini mwa London ilibandika orodha ya maneno ambayo wanafunzi hawakuruhusiwa kuyatumia, "bare" na "innit" (yaani "siyo?") yakiwemo. Naelewa hofu ya walimu, kwa sababu kwenye usaili wa kazi "bare" haikusaidii. Lakini orodha ya marufuku haikufundishi lini useme na lini usiseme. Inakufundisha aibu tu. Waliowahi kuvishwa ubao shingoni kwa kuongea Kiswahili kwenye shule za hapa kwetu wanalijua hilo somo.

Sisemi kila kitu kipite. Anayeandika "loose" akimaanisha "lose" amekosea. Anayemwita tapeli "rouge" badala ya "rogue" amemwita poda ya mashavuni. Hakuna mtaa uliokubaliana hayo, vidole tu vimeteleza. Kipimo changu ndicho hicho: kuna watu walioamua kuliandika hivyo na wanaelewana?

Ndiyo maana "faze" inanichekesha. "It didn't faze me" ni kusema hilo halikunibabaisha. Kwa sababu ya "z" yake, inaonekana kama neno la vijana wa juzi, basi wasahihishaji wanaibadilisha kuwa "phase", yenye sura ya usomi. Kumbe "faze" ina mizizi kwenye Kiingereza cha kale kabisa, kwenye neno lililomaanisha kufukuza, na imo kwenye kamusi zao wenyewe. "Phase" ni awamu. "It didn't phase me", ukiisoma kikamusi, ni mtu anayetutangazia kwamba jambo hilo halikumgawa kwa awamu.