Shimo la muhanga lisifukiwe

Kakakuona siku hizi ana watetezi, na nafurahi. Akionekana kijijini watu huitana, wazee humwekea maji, nafaka na silaha ili wausome mwaka utakuwaje, na habari zake hufika redioni. Muhanga, yule mla mchwa anayechimba mashimo, hana wa kumsemea. Huku kwetu Iringa, Idodi hadi Pawaga, anajulikana kwa mashimo yake tu, na mkulima akikuta moja pembeni mwa shamba hutafuta mawe na miiba akaliziba. Hilo linaniuma.

Muhanga hutoka usiku. Akifika kwenye kichuguu hupiga kucha, akabana matundu ya pua vumbi lisiingie, kisha akaingiza ulimi unaonata, wenye urefu unaofika sentimita 30. Hakimalizi kichuguu. Hutoboa ubavuni, akala, akaondoka. Mchwa wanaziba tundu naye atarudi siku nyingine. Asubuhi utakuta udongo mbichi uliorushwa nyuma, mistari ya kucha ukutani, na mfuo wa mkia ulioburuzwa mchangani.

Wengi humchanganya na wala sisimizi wa Amerika Kusini. Wale hawana jino hata moja, na ndugu zao ni slothi na aramadilo, wanyama wa huko huko. Muhanga ana magego, tena ya ajabu, yasiyo na enameli, lile tabaka gumu la nje ya jino, na ndugu zake wa mbali ni tembo na pimbi. Katika oda yake, yaani kundi lake kubwa la kibayolojia, amebaki peke yake duniani. Akitoweka, hakuna wa kushika nafasi yake.

Sasa hayo mashimo. Akilihama moja, ngiri anahamia, au nungunungu, au chatu. Na kuna mbayuwayu wa buluu, ndege adimu anayezaliana kwenye nyasi za nyanda zetu za juu, Hifadhi ya Kitulo ikiwemo. Kiota chake hukijenga chini ya ardhi, hata ndani ya mashimo ya muhanga, na hukijenga wakati wa mvua, msimu ule ule tunaofungua mashamba mapya. Tunafukia shimo moja, tunavunja nyumba za wengi.

Ukame nao unamfuata. Kule jangwa la Kalahari, kusini mwa Afrika, mwaka 2013, ulipunguza mchwa na sisimizi hadi muhanga waliokuwa wakifuatiliwa na watafiti wakakonda, wakaanza kutoka mchana kuotea jua, na wengi wao wakafa. Sisi tunaoishi na Ruaha Mkuu, mto unaokauka kila kiangazi tangu mwaka 1993, tusiione habari hiyo kuwa ya mbali.

Najua hoja ya mkulima: ng'ombe huvunjika mguu, bodaboda huanguka, plau hunasa. Ni kweli. Basi chomeka kijiti chenye kitambaa chekundu kando ya shimo, wachungaji walione, ulime kwa kulizunguka, na vichuguu vya mpakani uviache. Kama liko katikati ya njia, mwite askari wa wanyamapori wa kijiji kwanza, maana mchana muhanga amelala humo, na akiwa jike huenda ana mtoto; huzaa mmoja tu kwa kawaida. Na vijana wanaofukiza moshi ili atoke apigwe rungu, wazazi na wenyeviti wa vitongoji wawakemee waziwazi. Kuwinda bila kibali ni ujangili, hata kama nyama yake inaliwa nyumbani tu.