Watoto wa Kiaborijini: wanabishania umri, rumande inajaa kwa dhamana

Oktoba 2024, Bunge la Northern Territory nchini Australia liliushusha umri wa kuwajibika kijinai, yaani umri ambao mtoto anaweza kushtakiwa, ukarudi miaka 10, baada ya kuupandisha hadi 12 mwaka mmoja tu kabla. Kamati ya Haki za Mtoto ya Umoja wa Mataifa inahimiza usipungue 14. Namba hizo tatu zimeuteka mjadala wote, ilhali mlango unaopitisha watoto wengi kuingia kizuizini ni dhamana, inaponyimwa au masharti yake yanapovunjwa. Wenyeji wa asili, wengi wao Waaborijini, ni takriban asilimia 6 tu ya Waaustralia wa miaka 10 hadi 17, lakini ni zaidi ya nusu ya watoto walio kizuizini. Na wengi wa waliomo usiku wowote ule hawajahukumiwa.

Wanaotetea umri wa miaka 10 wasibezwe. Machi 2024, baada ya fujo mjini Alice Springs, humo humo Northern Territory, serikali iliwazuia walio chini ya miaka 18 kuwa katikati ya mji usiku. Wakazi waliovunjiwa milango, Waaborijini wakiwemo, wana haki ya kulala kwa amani. Tena watetezi hao wanakumbusha kwamba kinga ipo: aliye chini ya miaka 14 huhesabiwa kuwa haelewi uzito wa kosa mpaka upande wa mashtaka uthibitishe vinginevyo. Ni kweli, ila kinga hiyo hupimwa kesi ikisikilizwa. Kabla ya hapo, mtoto wa miaka 11 anaweza kukaa rumande kwa kosa ambalo mwishowe ataachiwa.

Tuchukue mfano. Kijana anapewa dhamana kwa sharti la kuwa nyumbani kwa shangazi yake kuanzia saa 1 jioni hadi saa 1 asubuhi. Nyumba ni ya vyumba vitatu, watu kumi na kitu. Walevi wakianza kugombana, anakimbilia kwa bibi. Polisi wakigonga hayupo, sharti limevunjwa. Katika jimbo la Queensland, tangu 2023, hilo lenyewe ni kosa la jinai kwa mtoto.

Halafu kuna suala la kuelewa. Mwaka 2018 watafiti waliwapima vijana 99 wa kituo cha kuzuilia watoto cha Banksia Hill, jimbo la Australia Magharibi: asilimia 89 walikuwa na kasoro kubwa ya ukuaji wa ubongo, na asilimia 36 waliathiriwa na pombe tangu tumboni. Kumsomea mtoto wa namna hiyo orodha ya masharti kwa Kiingereza cha mahakamani, kisha kumfunga kwa kuyasahau, ni uonevu.

Mji wa Bourke, jimbo la New South Wales, ulianzia hapo hapo kwenye dhamana. Mradi wa Maranguka, unaoongozwa na Waaborijini wa mji huo, ulishughulikia mambo matatu: masharti ya dhamana yanayovunjwa, hati za kukamatwa zilizolimbikizana, na leseni za udereva. Leseni, kwa sababu mwanafunzi wa udereva aliye chini ya miaka 25 hudaiwa saa 120 barabarani akisimamiwa, na kwao wengi hakuna gari wala dereva mwenye leseni, hivyo huishia kuendesha bila leseni. Tathmini ya 2018, ikilinganisha 2016 na 2017, ilikuta mashtaka ya vijana katika makundi matano makuu ya makosa yamepungua kwa asilimia 38.

Wapinzani watasema Bourke ni kamji kadogo na mwaka mmoja ni mfupi. Hoja hiyo ina uzito. Alice Springs ni kubwa mara kadhaa, na huko kazi ingeanza na nyumba yenye kitanda cha mtoto wa dhamana, na mtu wa kumpigia simu ugomvi ukizuka kwa shangazi.