Ukerewe kwa basi, kwenda na kurudi siku moja

Binti wa kaka yangu anasoma chuo kule Malimbe. Juzi alinipigia simu. "Shikamoo shangazi. Hivi Jumamosi nikidamka nikapanda basi la Ukerewe, nikauzunguka mji wa Nansio, jioni si nitakuwa nimesharudi Mwanza?" Wenzake walikuwa wanachangishana wakodi Coaster, yaani basi dogo la kukodi, waende pamoja na kurudi siku hiyo hiyo. Yeye hakutaka. Alitaka kwenda mwenyewe, kwa basi la abiria, bila kufuata ratiba ya mtu. Walikuwa wameshabishana bwenini mpaka wakanuniana, nami nikafanywa mwamuzi.

Sikumjibu palepale. Pande zote mbili zina hoja, na tena nadhani wote wanabishania gari wakati tatizo liko majini.

Anayeitazama Ukerewe kwenye ramani anadanganyika kirahisi. Kisiwa kiko hapo tu kaskazini yetu, ni wilaya ya mkoa wetu wenyewe, na ni kikubwa kuliko visiwa vyote vya ziwa hili, kiasi kwamba ramani za kale za Wazungu ziliwahi kuliita ziwa lote Ukerewe. Lakini katikati imelala Ghuba ya Speke, na basi halina la kufanya ila kuizunguka. Linatoka upande wa Nyamhongolo, linapita Kisesa na Magu, linaingia Busega mkoani Simiyu, linaipita Lamadi pale ambapo hifadhi ya Serengeti inakaribia kuligusa ziwa, linaingia Bunda mkoani Mara, kisha linakata kushoto kwenda Kisorya. Hapo linapanda feri mpaka Rugezi, na ukishuka Rugezi umerudi tena mkoa wa Mwanza. Umevuka mikoa miwili ya watu ili ufike wilaya ya mkoa wako.

Barabara si ile ya zamani. Kipande cha Bulamba hadi Kisorya, kilomita 51 ambazo zamani zilikuwa vumbi kiangazi na tope masika, sasa ni lami. Hata hivyo, siku ambayo kila kitu kimekwenda vizuri, hesabu saa tano, au sita, kutoka Mwanza mpaka Nansio. Huku kwetu karibu na ikweta mchana ni saa kumi na mbili mwaka mzima. Ukitoa za kwenda na za kurudi, kisiwa kinabakiwa na saa mbili za mwanga, au hakibakiwi na kitu.

Hata hivyo simcheki huyu binti, kwa sababu najua anachokitafuta. Basi la abiria linakupa nchi kwa namna ambayo gari la kukodi halikupi. Unalipia siti yako moja tu, kwa nauli ambayo LATRA, mamlaka ya usafiri wa ardhini, imeiwekea ukomo, na huna haja ya kusubiri watu ishirini na tano wakubaliane tarehe. Unakaa na mama anayepeleka vitenge Magu, akishuka anapanda kijana wa Lamadi mwenye ndoo ya dagaa, na kila mmoja ana habari za kwao. Bunda unakula kwa mama ntilie, ugali na sato, na hela yako inabaki pale. Kikundi cha Coaster mara nyingi hubeba wali wake kwenye hotpoti kutoka nyumbani, kinakula chini ya mti, kinapiga picha, kinaondoka. Silaumu kuokoa hela. Nasema tu kwamba mji uliopokea wageni thelathini kwa namna hiyo umebakiwa na makombo na chupa za maji.

Halafu kuna uhuru wa kughairi, ambao watu hawauhesabu. Aliye kwenye basi la abiria akiona saa nne imemkuta bado Kisesa, anaweza kushuka, akaenda Bujora kwenye Makumbusho ya Wasukuma yaliyo kando tu ya njia hiyo, akashinda huko na ngoma na nyumba za kitemi, akarudi mjini mapema na siku yake haijaharibika. Aliye ndani ya Coaster hashuki. Kama uongozi umesema Ukerewe, ni Ukerewe, hata jua likizama mkiwa Bulamba.

Upande wa pili nao usipuuzwe. Kitu unacholipia kwenye gari la kukodi ni kusubiriwa. Dereva yupo, gari lipo, mabegi yako yapo ndani. Basi la abiria halikusubiri. Na asubuhi wewe ndiye unayelisubiri lijaze. Kondakta atakwambia "tunaondoka sasa hivi" saa kumi na mbili, na saa mbili kasoro atakuwa bado anakwambia hivyo hivyo, mpiga debe akiwa amewakalisha kwenye siti za mbele vijana wake ili gari lionekane limejaa. Kwa mtu mwenye siku tatu hilo si neno. Kwa mtu mwenye siku moja, saa moja iliyopotea stendi ni nusu ya muda wake wa kisiwani.

Na kurudi ndiko kugumu zaidi. Niliwahi kutoka Bunda jioni kwenye basi lililokuwa na abiria wachache. Tulipofika Lamadi tukafaulishwa, yaani konda akatuuza kwa gari jingine dogo, nauli tumeshalipa, na wa kumlalamikia hayupo. Tulikaa wanne kwenye siti ya watu watatu mpaka Igoma, huku Mwanza. Siku nyingine unakuta mabasi yameisha, imebaki michomoko, zile gari ndogo za kujiokotea abiria ambazo dereva hukimbia kuliko basi lolote. Msichana wa miaka ishirini na moja, peke yake, usiku, kwenye mchomoko: hapo wenzake wa Coaster wana hoja nzito kuliko zote, na nilimwambia hivyo wazi.

Kwa hiyo Coaster imeshinda? Hapana, kwa sababu Coaster nayo inafika Kisorya na kuzima injini. Pale mtu hana cheo. Basi, Coaster, lori la mihogo, pikipiki, wote wanaitazama feri ikiwa ng'ambo na wanasubiri ivuke. Abiria wanashuka, magari yanapangwa, mnavuka, na jioni mnafanya hivyo tena kwa kurudi nyuma. Feri ikikaa upande wa Rugezi kwa sababu yoyote ile, mwenye Coaster na mwenye tiketi ya basi wamekuwa kitu kimoja. Umelipia gari likusubiri, lakini feri hukuilipia ikusubiri.

Nayajua haya kwa mwili wangu. Mwaka juzi nilikwenda Nansio kwa mazishi nikiwa na hesabu hiyo hiyo ya kurudi jioni. Tuliondoka Nansio kwa haraka, tukafika Rugezi tukaiona feri ikiwa katikati ya maji, mgongo umetuelekea. Ilikuwa ya mwisho. Nililala gesti na nguo nilizovaa, nikiwa sina hata mswaki, na asubuhi yake ilikuwa Jumatatu.

Kulala gesti bila mswaki si msiba. Lipo jambo kubwa kuliko hilo, nalo ndilo linalonifanya niogope hii habari ya siku moja hasa inapohusu vyombo vya majini. Tarehe 20 Septemba 2018 kivuko cha MV Nyerere kilipinduka kikikaribia kisiwa cha Ukara, kikitokea Bugolora kule Ukerewe. Uwezo wake ulikuwa abiria 101. Waliokufa walizidi 220. Ilikuwa Alhamisi, siku ya gulio Bugolora, na wengi walikuwa watu waliotoka nyumbani asubuhi kwenda sokoni wakitegemea kulala kwao jioni. Walikuwa na safari ya kwenda na kurudi, kama anayoitaka huyu binti, isipokuwa wao hawakwenda kutembea. Sisemi walikosea. Aliyekosea ni aliyeruhusu chombo kijazwe zaidi ya mara mbili ya uwezo wake. Lakini kila mtu aliyekaa gatini jioni anajua kinachotokea chombo kikiwa kimoja na giza linakuja: hakuna anayetaka kubaki, na kila anayesukuma anajiona ana sababu. Mtu aliyepanga kulala ng'ambo anaweza kuangalia msongamano ule akarudi nyuma. Aliyepanga kurudi siku hiyo hiyo mara nyingi haioni nafasi hiyo, hata kama ipo.

Sisi wa Mwanza hatuna kisingizio cha kutokujua. Makaburi ya waliokufa meli ya MV Bukoba ilipozama, Mei 21, 1996, yapo Igoma, na barabara ya kwenda huko huko Ukerewe kwa gari inapita Igoma.

Wapo watakaosema achana na basi, panda meli Bandari ya Kaskazini uende Nansio moja kwa moja. Ni safari nzuri na ni fupi kuliko kuzunguka ghuba, saa tatu na ushee majini, mawe ya Mwanza yakibaki nyuma yako. Kwa kwenda naipenda kuliko basi. Lakini kwa siku moja haitoi jibu tofauti: unafika mchana, na chombo cha kurudi kinataka uwe gatini karibu muda ule ule unaofika. Unakuwa umeitembelea gati.

Na Ukerewe si mahali pa kugusa na kurudi. Wilaya yake ina visiwa 38. Kwenye kisiwa kikubwa peke yake kuna jumba la kitemi pale Bukindo, kuna Kagunguli na misheni yake ya zamani, kuna vilima vya Handebezyo ambako ukisimama unaliona ziwa kila upande, kuna michungwa, na kuna baiskeli za kukodi za kukufikisha kote huko ukiwa na miguu na subira. Ukara, kisiwa cha lile jiwe linalocheza, kunahitaji uende Bugolora uvuke tena. Hayo yote ni ya siku mbili kwa uchache. (Na ukifika ufukweni, tamaa ya kuogelea uizuie. Kichocho kipo, na maji yanayoonekana safi ndiyo yanayowapata wageni.)

Kama siku ni moja tu na haiongezeki, basi elekea upande wa pili wa jiji. Tangu tarehe 19 Juni 2025 Daraja la Kigongo–Busisi liko wazi, kilomita tatu juu ya Ghuba ya Mwanza, na ile foleni ya feri iliyokuwa inakula saa mbili za watu, siku mbaya hata zaidi, imeondoka. Unapanda gari Nyegezi, unapita Usagara, unavuka kwa dakika chache, na kabla jua halijawa kali uko Sengerema. Huko ndiko basi la abiria linakoshinda bila ubishi. Magari ni mengi, yanapita mpaka jioni, na likikukosa moja lipo jingine nyuma yake, na hakuna kati yao linalosubiri maji. Unaweza kuendelea mpaka Geita, ukala, ukazunguka sokoni, ukarudi Mwanza kabla ya magharibi. Kukodi Coaster kwa njia hiyo naona ni kutupa hela, labda kama mna wazee au watoto wadogo.

Wapo wanaoona safari hiyo haina utamu, kwamba daraja linapitwa upesi mno na basi halisimami upige picha. Nawaelewa. Feri ya Busisi ilikuwa na maisha yake: samaki wa kukaanga, mahindi ya kuchoma, watu kuonana baada ya miaka. Waliokuwa wanaishi kwa kuwauzia wasafiri waliokwama foleni wamepoteza wateja, na hilo linaniuma. Lakini mgonjwa anayekimbizwa hospitali ya Bugando kutoka Geita hakuhitaji utamu wa feri, na mimi kwa nafasi hiyo nalikubali daraja kwa moyo wote.

Nilimpigia binti jioni yake. Nilimwambia Ukerewe aende, na aende mwenyewe kama anavyotaka, lakini apande meli Ijumaa mchana akimaliza kipindi, alale Nansio usiku wa kwanza na wa pili, arudi Jumapili kwa basi la asubuhi, akate tiketi ofisini siku moja kabla na asimpe hela mtu aliyesimama njiani. Wenzake wa Coaster niliwatumia ujumbe huo huo: kama hawawezi kulala, wageuze gari waende Sengerema.

"Sasa shangazi, hela ya gesti usiku mbili?" akaniuliza.

Hiyo nimemtumia.