Barbara Hammer na mwili usio na ngozi

Wengi wanaomzungumzia Barbara Hammer, mtengenezaji wa filamu za majaribio wa Marekani aliyefariki mwaka 2019 akiwa na umri wa miaka 79, huanza na Dyketactics ya mwaka 1974. Ni filamu ya dakika nne, yenye picha 110 za wanawake walio uchi, wakioga, wakicheza na kugusana, alizoziunganisha kwa kufuata hisia ya mguso wala si mtiririko wa kisa. Kwa mwanamke aliyewapenda wanawake na kulisema hilo waziwazi, ulikuwa ujasiri mkubwa, nami sitaki kuupunguza. Hata hivyo, naona kwamba uchi huo umewafanya watazamaji, wanaomsifu na wanaomlaani, waishie kwenye ngozi, ilhali filamu yake nzito zaidi kuhusu mwili haina ngozi hata kidogo.

Filamu hiyo ni Sanctus, ya mwaka 1990. Miongo kadhaa kabla yake, daktari mmoja wa mji wa Rochester, Marekani, James Sibley Watson, pamoja na wenzake, walikuwa wamerekodi picha za eksirei zinazosonga. Hammer alizichukua, akazipiga upya moja moja, akazitia rangi na kuzipandanisha, hata moyo unaodunda nyuma ya mbavu na kinywaji kinachoteremka kooni vikaacha kuwa mambo ya kitabibu tu. Ninapoitazama huikumbuka siku niliyopewa picha ya kifua changu katika bahasha kubwa ya kaki; niliiinua dirishani, na lau si jina lililoandikwa pembeni, ningeidhani ya mtu mwingine. Daktari bingwa huenda akaitambua nyonga ya mwanamke kwa kuitazama, lakini sisi wengine, tulio wepesi wa kumhukumu mtu kwa umbo na mavazi yake, mbele ya mifupa hatuna la kusema. Hapo ndipo hoja ya Hammer kuhusu jinsia inaponigusa kuliko katika mwili wowote alioufunua.

Tena mionzi ile ile iliyotuonyesha mwili ina uwezo wa kuudhuru, jambo ambalo filamu hailisahau, ingawa kwangu rangi zake wakati mwingine huwa nyingi mno na kuifanya hatari ionekane pambo.

Mwaka 2006 Hammer aligunduliwa kuwa na saratani ya ovari. Miaka miwili baadaye alitoa A Horse Is Not a Metaphor, ambamo mgonjwa anayepokea tibakemia ni yeye mwenyewe. Mtu aliyewahi kutuonyesha mifupa ya wasiojulikana sasa aliweka mbele ya kamera kichwa chake kisicho na nywele, na katikati ya picha za hospitali akaingiza farasi na mito, wala hakumwomba mtazamaji amwonee huruma.