Geti la Mamilioni, Nje Vumbi

Chama cha wakazi wa mtaa wetu huku Ohio kimeniletea barua: nyasi za mbele ya nyumba yangu zimerefuka, nizikate kabla sijapigwa faini. Nilinuna siku nzima. Majani yote yale yanafyekwa na kutupwa, na hakuna hata ng'ombe mmoja mtaani! Akina mama wa Moshi wanaobeba majani kutoka tambarare wakiyaona watalia.

Lakini jamani, mtaa unapendeza. Nyumba zenyewe za kawaida tu, hazifiki robo ya majumba ya Njiro kule Arusha. Mtu kapaka mlango rangi, kapanda maua kuzunguka sanduku la barua, basi, mpita njia anafurahi.

Sasa nenda Njiro, au Shanty Town pale Moshi, mtaa wa wenye nazo usidanganywe na jina. Ndani ya geti pevingi zinadekiwa, ukoka unamwagiliwa asubuhi na jioni. Nje, ukuta haujapigwa hata lipu, vipande vya chupa juu, mtaro umejaa chupa za maji. Geti la mamilioni linafunguka kwenye vumbi!

Najua mtasema, "Kaenda Marekani juzi tu, anatufundisha kupanda maua." Sijasema mbomoe kuta. Vibaka nawajua, wamenianulia nguo kambani mchana kweupe. Nasema ile hatua moja kati ya ukuta na mtaro, ipandeni kitu. Tena hili si la Wazungu. Panda mlimani Kilimanjaro, Marangu au Kibosho, uone njia za kuingia vihambani, yale mashamba ya nyumbani ya Wachagga: masale, ile mimea ya majani marefu, kulia na kushoto, yamepangwa na wazee ambao hata Dar hawakufika. Unakata kipande, unachomeka masika yakianza, kinashika. Bei yake ni kumsalimia jirani vizuri.

"Mbuzi watakula." Weka minyaa, utomvu wake mbuzi anaujua. "Ni hifadhi ya barabara." Ndiyo maana sijasema mwage zege, barabara ikipanuliwa, masale utayahamisha. "Maji ya mgawo." Hapo sibishi, na ndiyo maana sijataja ukoka.

Dada yangu wa Sakina kasoma haya kabla yenu, kajibu kwa kifupi: "Tuma hela ya lipu kwanza, mdogo wangu." Nimetuma. Ila fundi aanze upande wa nje, dada. Wa nje!